Ukuta Mkavu

Nina ugonjwa wa maneno. Walimu wenzangu hapa Same wakipata mapumziko wanakunywa chai na kusengenya. Mimi nafungua kamusi kubwa ya Kiingereza niliyoinunua kwa muuza vitabu chakavu, nitazame neno lilizaliwa wapi na limelelewa na nani. Nimefundisha Kiingereza kwa miaka mingi kuliko umri wa wanafunzi wangu, na bado nashangaa jinsi lugha moja ilivyojaa maneno ya kusema kazi mbovu. Ama Waingereza walijenga ovyo sana, ama walisemana sana. Mimi nadhani yote mawili.

Si kwamba sisi hatuna yetu. Tuna kulipua, tuna kubabaisha, tuna bora liende, tuna kazi ya zimamoto. Lakini yetu yanamsema mtu na haraka yake. Ya kwao yana historia ndefu, na nikizichimba historia hizo naona yamegawanyika katika koo mbili ambazo hazipaswi kuoana.

Ukoo wa kwanza ni wa watu waungwana. Mabaharia wa Kiingereza, mlingoti ulipovunjika katikati ya bahari, walisimamisha gogo lolote lililokuwepo, wakalifunga kwa kamba na kuliita jury mast. Hakuna mwenye uhakika neno hilo la mbele lilitoka wapi. Wengine wanasema ni Kifaransa cha zamani chenye maana ya msaada. Vyovyote vile, lile gogo halikumdanganya mtu. Kila aliyekuwa melini alijua kwamba si mlingoti, akalitazama mchana kutwa, na likimfikisha bandarini anashukuru.

Ukoo wa pili ni wa walaghai. Shoddy, kwa mfano, lilianza kama jina la kitambaa kilichofumwa kwa sufu ya matambara yaliyochanwachanwa upya. Kilipendeza dukani, ukikivaa siku mbili kinaachia. Na jerry-built, nyumba iliyojengwa kwa vifaa hafifu ili iuzwe upesi, mnunuzi agundue baadaye. Hilo nalo asili yake haijulikani. Wapo wanaosema ni jina la mjenzi fulani, wapo wanaosema ni kuta za Yeriko.

Tofauti hiyo niliifahamu vizuri kabla ya Juni ninayotaka kuisimulia. Nilikuwa nimeifundisha darasani, nimeichora ubaoni. Kwa hiyo sina pa kujificha, na sitajaribu.

Kijiji chetu kiko juu milimani, upande wa Pare ya kusini, mahali ambapo gari likipanda abiria wanaacha kuzungumza. Nyumba ya mama yangu ilikuwa chini kabisa ya ndiva. Kwa asiyejua kwetu, ndiva ni bwawa letu la asili: maji ya kijito yanazuiwa kwa ukuta wa mawe na udongo, yanajaa usiku kucha, asubuhi yanafunguliwa na kupita kwenye mifereji hadi mashambani kwa zamu. Babu zetu walizijenga kabla mtu yeyote hajatuletea saruji wala ushauri.

Nyumba yenyewe Waingereza wangeiita ramshackle, neno ambalo asili yake ya mbali ni nyumba iliyopekuliwa na kuachwa shaghalabaghala. Baba aliijenga, akaiongezea jiko, akaongezea chumba cha tangawizi, kila nyongeza ikiegemea mwenzake. Hata hivyo ilisimama miaka yote hiyo, kwa sababu kila kitu kilichokuwa kibovu ndani yake kilionekana, na kilichoonekana kilitengenezwa.

Kuhusu ndiva tulikuwa na desturi. Nyumba iliyo chini kabisa ndiyo inayopewa maji ya kwanza, na haki hiyo ina kazi yake: kila asubuhi, kabla ya kufungua, mwenye nyumba hupita chini ya ukuta na kuupapasa kwa kiganja toka mwanzo hadi mwisho. Anatafuta unyevu. Ukuta wa ndiva siku zote unatoa jasho. Ni ukuta wa udongo, hauwezi kuwa mkavu. Jambo la kujua ni limetoka wapi, na limezidi kiasi gani kuliko jana. Likizidi, unachukua udongo wa mfinyanzi unaziba, au unaita watu. Baada ya baba kufariki kazi hiyo aliichukua mama. Nikiwa likizo nilikuwa nikimwona dirishani, kanga begani, kiganja ukutani, anatembea polepole akiongea na mawe kwa Kipare.

Mwaka ule sehemu ya kati ya ukuta ililegea. Mama aliihisi kabla ya macho ya mtu yeyote kuiona, akamwambia mwenyekiti wa ndiva, naye akaitisha msaragambo. Msaragambo ni kazi ya kijiji kizima. Baragumu likilia unatoka na jembe lako, usipotoka utasemwa mpaka wajukuu wako wasikie. Kwa njia ya zamani kazi ile ingechukua wiki tatu. Udongo wa mfinyanzi unalowekwa, unakanyagwa kwa miguu, unapangwa tabaka moja pamoja na mawe, unaachwa ukauke, ndipo tabaka la pili. Haraka haina mahali pa kuingilia.

Lakini haraka ilikuwepo, na mimi nilikuwa mmoja wa walioileta. Kiongozi kutoka wilayani alikuwa anakuja kuitazama ndiva, siku imeshapangwa, na mwenyekiti aliniomba mimi, binti msomi wa kijiji, niandike risala na kuisoma. Nilivimba kichwa. Nilitoka Same na mifuko ya saruji juu ya gari kama mchango wangu, na nikatoka na fundi pia, kijana wa mjini mwenye maneno matamu aliyewahi kunipigia lipu nyumba yangu. Wazee wawili watatu walisema saruji na ndiva havijuani. Nikawajibu kwamba dunia inakwenda mbele. Nakumbuka sauti niliyotumia. Ni ile ninayotumia kwa wanafunzi wa kidato cha kwanza.

Siku ya tatu ya kazi nilipanda juu ya ukuta na risala yangu mkononi nione maendeleo. Sehemu iliyolegea walikuwa wameibomoa na kuacha pengo refu kuliko mtu. Fundi alikuwa analijaza. Chini kulikuwa na mawe yaliyotupwa bila kupangwa, juu yake viroba vya udongo mkavu, na juu ya viroba, vijana walikuwa wanabwaga mashina ya migomba yaliyokatwa asubuhi ile, bado yanachuruzika.

"Fundi, hiyo ni migomba," nilisema.

"Naiona, mwalimu."

"Itaoza."

Akacheka, akajifuta jasho. "Mwalimu, mambo ya ndani ni ya ndani. Mgeni anaangalia uso. Nikishapiga lipu hapa mbele, hiki kitu kinakuwa jiwe. Ukitaka niujaze mfinyanzi kama wazee wanavyosema, mgeni wako atatukuta na pengo."

Mtoto yeyote wa Kipare anajua shina la mgomba ni kitu gani. Ukilikata leo, baada ya miezi michache ukilikanyaga mguu unazama. Nilijua hilo nikiwa nimesimama pale, na chini yangu nilikuwa naliona paa la nyumba ya mama na moshi wa jikoni kwake. Nilifikiria ile siku, na wageni, na mimi nikisoma. Nilijiambia kwamba wageni wakiondoka tutaufumua ukuta na kuujenga upya taratibu. Waswahili husema funika kombe mwanaharamu apite. Nikamwambia fundi, "Basi malizia. Lipu iwe laini."

Ilikuwa laini kweli. Mgeni aliusifia ukuta, akaugonga kwa fimbo yake, watu wakapiga makofi. Katika risala nilikuwa nimeandika "ukuta imara wa kisasa," na maneno hayo niliyasoma kwa kituo, huku mama yangu amekaa mstari wa mbele amevaa kitenge kipya. Picha ya siku ile waliibandika kwenye ofisi ya kijiji. Wageni waliondoka, likizo yangu ikaisha, watu wakarudi kwenye tangawizi yao, na hakuna aliyefumua kitu. Mimi pekee ningeweza kusema kwa nini ufumuliwe. Wale vijana waliobwaga migomba walikuwa vibarua wa fundi, na fundi alikuwa ameshahamia nao kazi nyingine, mbali.

Kuanzia Agosti nilianza kumpigia mama simu kila asubuhi. Aliona ni mapenzi.

"Ukuta vipi, mama?"

"Mkavu," alisema. "Mwanangu, mkavu kama sakafu. Napapasa mwanzo mpaka mwisho, hata tone. Tangu nizaliwe sijawahi kuona ndiva isiyotoa jasho. Saruji yako imetukomboa."

Mimi nilijua kwa nini ni mkavu. Maji hayakuwa yameacha kupita; yalikuwa yamefunikwa tu, yanahangaika humo ndani na mashina yale, na kiganja cha mama kilichokuwa kinasoma ukuta ule vizuri kuliko ninavyosoma kamusi, sasa kilikuwa kinapapasa uso ambao hauna la kumwambia. Wanafunzi wangu wote huanza insha zao na usipoziba ufa utajenga ukuta. Sijawahi kukutana na methali inayosema ufanye nini ufa ukishapigwa lipu.

Same ni mji mkavu. Mvua hubaki mlimani, nasi huku chini tunapata upepo na vumbi la barabara kuu. Ukisimama uwanja wa shule unaiona milima yote, na vuli ikianza unaona mawingu yanavyokaa juu yake kutwa nzima wakati wewe unakanyaga vumbi. Mwaka ule vuli ilianza mapema. Mwisho wa Oktoba milima ikatoweka, ikawa ukuta wa kijivu toka Same kwenda upande wa Ndungu, na haikurudi kuonekana kwa siku nane. Nilizihesabu. Nilikuwa nafundisha nikiwa nimegeukia dirishani.

Wiki hiyohiyo kijana mmoja wa kidato cha tatu alikutana na jerry-built katika kitabu, akauliza. "Mwalimu, hiyo Jerry si Mjerumani?" Darasa likapinga kwa kelele. Hapa kwetu ukitaka kusifia jengo unasema hili la Mjerumani. Nikawaeleza kwamba inaonekana neno lenyewe lilikuwepo kabla Waingereza hawajawaita Wajerumani hivyo, na nikawapa ile habari ya Yeriko. Msichana wa mbele akauliza, "Sasa mwalimu, za Yeriko watu waliokuwa ndani walijua kuta ni mbovu?" Nilimwambia afungue ukurasa unaofuata. Nilimwambia kwa ukali, na hakuwa amekosa kitu.

Jioni yake nilimpigia mwenyekiti wa ndiva. Nilimwomba wapunguze maji, wasiijaze mpaka juu.

"Mwalimu, tangawizi inataka maji ya uhakika," alisema. "Mvua hizi zikikatika ghafla tutakula nini? Na ukuta si huo wako mwenyewe, wa kisasa?" Akacheka kwa upendo kabisa.

Sentensi niliyohitaji ilikuwa fupi: ndani kuna migomba, niliiona. Nilikuwa nayo mdomoni. Lakini niliona ile picha ofisini, niliona wale wazee, niliona namna kijiji chetu kinavyoweza kushikilia jambo. Watu hututania kwamba Mpare yuko radhi kuuza ng'ombe ili ashinde kesi ya kuku. Kesi hii isingekuwa ya kuku. Nikasema, "Sawa, mwenyekiti. Nilikuwa naulizia tu."

Nikachagua njia nyingine. Nilikodi gari, nikapanda mlima kwenye ukungu na matope, nikamwambia mama kwamba mgongo unaniuma, siwezi kuinama wala kupika, aje akae na mimi wiki mbili. Ulikuwa uongo mtupu. Mama hakuuliza. Alifunga kanga tatu, akachukua kifuko cha maharage na mahindi ya makande, kwa sababu haamini kwamba mjini watu wanajua kuchagua maharage, akazima moto jikoni kwa maji na kuchochea majivu kuhakikisha.

Shangazi yangu, mdogo wake baba, alikuja kutuaga. Nyumba yake ilikuwa kando, juu ya mwinuko wenye mawe, mahali ambapo hata ndiva ingepasuka yote maji yasingemfikia. Alikuwa mwanamke wa vicheko, asiyejaliwa mtoto, na ndiye aliyenibeba mimi mgongoni kuliko mtu yeyote. Mama alishamaliza kupanda garini alipomshika mkono dirishani.

"Wifi, ukuta nakuachia," alisema. "Upapase asubuhi, usiruke siku."

"Huo? Ule si mkavu siku zote?" shangazi alicheka. "Haya, nitaupapasa, usije ukaninyima maji ukirudi."

Nilikuwa nimekaa kiti cha mbele. Nilisikia kila neno. Dereva aliuliza kama tuko tayari, nikamwambia twende, mvua isitukute kwenye kona.

Siku ya sita simu ilinikuta getini pa shule, saa moja na nusu asubuhi. Ilikuwa ya mwenyekiti, na hakuwa anaongea, alikuwa analia. Alisema ndiva imepasuka katikati, pale pale penye lipu, na maji yamepita na nyumba ya mama, jiko, chumba cha tangawizi, migomba, yote, mpaka mferejini chini. Akasema, "Mungu ni mkubwa, mama yako yuko kwako." Hakumtaja shangazi, nami nikaelewa, kwa sababu saa ile ndiyo saa ya kupapasa ukuta.

Walimpata shangazi mchana. Waliompata walisema lipu ilianguka nzima, kipande kimoja kama mlango, na kwamba upande wa nyuma wa kile kipande kulikuwa na tope jeusi linalonuka, nyuzinyuzi za migomba. Kijiji kizima kikamlaani fundi. Walisema atashitakiwa, atatafutwa popote alipo, na kwamba mwalimu ataandika barua kwa sababu mwalimu anajua kuandika.

Msibani walinipokea kama mtu aliyetembelewa na malaika. Wanawake walinishika mabega. Mzee mmoja wa kanisa alisimama akasema Mungu alimtuma binti akamchukue mama yake, akaleta maumivu ya mgongo kuwa sababu, tumshukuru. Watu wakaitikia amina. Niliitikia na mimi. Nalisema hili kwa aibu ambayo haijapungua hata leo: niliitikia amina kwa sauti.

Mama hakuitikia. Baada ya maziko aliniita nyuma ya nyumba ya shangazi, tukakaa kwenye kinu kilicholazwa. Alitazama mikono yangu, si uso.

"Mgongo wako ulikuwa unauma?"

"Hapana, mama."

"Ulijua kilichomo kwenye ukuta."

"Nilijua. Nilikiona kikiwekwa."

Uani watu walikuwa wanagawa makande.

"Na nilipomwachia wifi yangu, ulisikia?"

"Nilisikia."

Nilitaka anipige. Nilitaka alie, anilaani, alitaje jina la baba. Alisimama, akajifunga kanga vizuri, akasema, "Watu bado wako uani. Nenda ukawaambie wote, kama ulivyoniambia mimi. Usipunguze." Nikaenda. Nilisema yote, la risala, la lipu, la simu ya mwenyekiti, la dirishani. Hakuna aliyenikatiza. Nilipomaliza walianza kuondoka mmoja mmoja, na yule mzee wa kanisa alipita mbele yangu akiwa ameinamisha kichwa.

Kijiji hakijanipeleka popote, polisi wala mahakamani. Ningeshukuru wangenipeleka. Ukuta waliujenga upya kwa mfinyanzi, wiki tatu kamili, na baragumu lilipolia hawakunijulisha. Mama anaishi katika nyumba ya shangazi, analala kitanda chake. Nimemwomba aje Same, amekataa. Nampigia simu kila asubuhi kama zamani. Anapokea, hajawahi kuacha kupokea. Nasema shikamoo mama, naye anasema marahaba, na baada ya hapo hakuna kinachofuata.